Mpaka wa Ngiri

Zamani, mito ilipokuwa bado inajichagulia njia, Ngiri mwenye kiburi alimwambia jirani yake Nungunungu, "Mto huu ndio mpaka. Usikanyage kwangu bila kupiga hodi, hata kama umefiwa!"

"Haya, bwana," akajibu Nungunungu.

Masika yakaja, mto ukafura. Ngiri akakimbilia kilimani. Aliporudi, mto ulikuwa umehama, shimo lake limebaki ng'ambo, upande wa Nungunungu. Akaogelea, akamkuta jirani kajikalia mlangoni, anatafuna muhogo.

"Toka! Hapa kwangu!"

"Mpaka uko wapi, jirani?"

Ngiri akageuka, akautazama mto.

"Hodi," akasema.

"Karibu, mgeni! Siku mbili pumzika. Ya tatu, jembe liko nyuma ya mlango."