Mizani ya Itetemia

"Sipiti!" Anselm alipiga kelele, akaking'ang'ania kiti cha baiskeli kwa mikono miwili. "Niacheni nife, lakini hapo sipiti!"

Mkewe, Agnetha, alikuwa amemsukuma kwenye keria tangu nyumbani, mwendo wa saa nzima. Aliiegemeza baiskeli kiunoni, akajifuta jasho kwa ncha ya kitenge, akamwambia taratibu, "Baba Julieth, watu wanatutazama."

Na kweli walikuwa wanatazama. Siku ya Jumamosi watu hawakosekani pale Mizani.

Mgeni akifika haoni kitu. Ni kipande cha njia ya zamani ya misafara, nje kidogo ya mji wa Tabora upande wa Itetemia, mawe mawili yaliyopakwa chokaa, na katikati hewa tupu. Lakini hewa ile ni ukuta. Watu wawili wakiupita wameshikana mikono, nguvu zao zinachanganywa, kisha zinagawanywa sawasawa, na kila mmoja anatoka upande wa pili na nusu yake. Wapagazi wa enzi zile, waliobeba pembe mabegani, walipenda sana kupita hapo na mtu yeyote aliyekubali kushikwa mkono. Wakuu wao, waliobebwa kwenye machela, walizungukia porini.

Anselm alianza kuumwa Novemba, siku ya pili baada ya mvua ya kwanza. Miguu ilikataa, mgongo nao ukakataa. Hospitali walimpima kila kinachopimika, wasione kitu, wakamwambia apumzike. Akapumzika. Agnetha akalima peke yake ekari tatu za mahindi na karanga, akapalilia, akateka maji, akapasua kuni, na kila alipopata nafasi akamchinjia mumewe kuku wa supu. Hamu ya kula ndiyo pekee ambayo ugonjwa haukuigusa, na Agnetha alimshukuru Mungu kwa hilo. Kufikia Mei, bandani alibaki jogoo mmoja, naye alikuwa na wasiwasi.

Uamuzi wa kwenda Mizani Agnetha aliutoa mwenyewe, siku binti yao Julieth, mwalimu huko Lusu, alipokuja kuwasalimia.

"Mama, fikiri vizuri," Julieth alisema. "Nguvu zikishagawanywa hazirudi. Nyumba hii unaishikilia wewe. Ukirudi nusu mtu, nani atavuna?"

"Tutavuna wote wawili," Agnetha alijibu. "Miaka thelathini na minne nimekula naye sahani moja. Nguvu ndizo zitanishinda kugawana naye?"

Julieth alilia. Anselm alipoletewa habari hizo kitandani alisema leo anajisikia nafuu kidogo. Asubuhi yake akajikongoja mwenyewe hadi mlangoni. Agnetha alimtazama, moyo ukamuuma. Alimjua mumewe. Anajikaza, mwanamume wa watu, ili asimpotezee mkewe nguvu.

Kwa hiyo akampakia kwenye baiskeli.

Dada aliyesimamia foleni ya Mizani, Maua, aliwasogelea. "Shikamooni wazee wangu."

"Marahaba, mwanangu," Anselm alisema haraka. "Mwambie huyu mama anirudishe nyumbani."

"Kwa nini, baba? Si umeletwa upone?"

Anselm alitazama yale mawe mawili. Akamtazama mkewe. Alionekana kutafuta neno.

"Nampenda," alisema hatimaye. "Siwezi kumchukulia nguvu zake. Kabisa. Hata senti tano yake siitaki."

Foleni nzima iliguna. Mwanamke mmoja, aliyekuja na mkwewe, alijifuta machozi. "Wanaume wa hivi bado wapo?" akamnong'oneza jirani yake.

Agnetha akamfuta vumbi begani. Ukweli ni kwamba aliogopa. Hakuwa amemwambia mtu, hata Julieth, kwamba tangu Machi hawezi kuinuka kitini bila kushika ukuta. Kwamba kisimani hujaza ndoo nusu na kusingizia kamba. Hicho kidogo kilichobaki ndicho alichokuja kukikata vipande viwili. Alifikiria karanga zilizokuwa bado ardhini. Kisha akamfikiria Anselm, kijana wa zamani aliyemchumbia akiwa amevaa viatu vya kuazima, akasema moyoni: basi, na kiende.

"Mama, una uhakika?" Maua aliuliza.

"Nina uhakika."

Ilibidi Maua na yule mwanamke wa foleni wasaidiane kubandua vidole vya Anselm kwenye kiti cha baiskeli. Agnetha akampitisha mkono kiunoni, akakamata kiganja chake, akafumba macho. Wakapita.

Hatua tatu tu.

Alisimama upande wa pili, amejiandaa kuanguka. Alisubiri. Joto lilianza kwenye nyayo. Likapanda mapajani, likauzunguka mgongo, likafika mabegani, na bado lilikuwa linakuja. Uti wa mgongo wake ulinyooka wenyewe. Agnetha alifumbua macho. Akaruka kidogo, kujaribu tu. Akaruka tena, juu zaidi, hadi kitenge kikataka kumdondoka, na akajisikia anacheka kama msichana.

Nyuma yake akasikia mtu anajibwaga chini.

Aligeuka. Anselm alikuwa amekaa chini kwenye vumbi, jasho linamtiririka, anahema kama mtu aliyepalilia ekari tatu peke yake.

Agnetha akaacha kucheka.

"Baba Julieth," akasema, "nguvu zote hizi ulikuwa umeziweka wapi?"