Kadi ya Salha

Katika shule ile ya kutwa, iliyosifika jijini kwa kupeleka vijana vyuo vikuu vya ng'ambo, kila alasiri wazazi walipanga foleni ya magari getini. Kila gari lilikuwa na kadi ya jina la mwanafunzi kwenye kioo cha mbele, na mwalimu wa zamu aliyaita majina hayo kwa kipaza sauti. Mwalimu Tumsifu alikuwa mgeni. Hiyo ilikuwa zamu yake ya kwanza. Gari jeupe likasogea.

"Salha Mbwana!" aliita. "Salha, mama amefika!"

Bi Hidaya, mwalimu wa siku nyingi pale, akamnyang'anya kipaza sauti.

"Hilo jina huwa hatuliiti," alinong'ona. "Tunampungia mama yake mkono tu, anaenda zake. Salha tulimzika mwaka jana."

Tumsifu alitaka kumkimbilia yule mama amwombe radhi, lakini mama alikuwa ameshageuka kitini, anafungua mlango wa nyuma, uso umemchangamka.

Na kwenye benchi refu la kusubiria, wanafunzi wakaanza kukunja miguu, mmoja baada ya mwingine hadi upande wa getini, wakimpisha mwenzao ambaye Tumsifu hakumwona.