Herufi Iliyolala Upande

Veturia aliibana ile r ya taipureta kwa koleo, akaipinda kidogo kidogo kuelekea kushoto huku akiomba isikatike. Akachomeka karatasi, akaipiga. Bado. Akaibana tena. Mara ya tatu ilisimama wima, naye akalificha koleo chini ya viazi.

Mumewe, Pompiliu, alikuwa kwenye foleni ya maziwa tangu alfajiri. Saa nne ilikuwa zamu yao kituo cha polisi. Kila mwaka, mwezi wa pili, mwenye taipureta aliibeba hadi kule akapiga ukurasa mmoja mbele ya askari, ili serikali iujue mwandiko wa mashine yake. Kuwa na mashine ambayo mwandiko wake haukujulikana kulikuwa kosa zito karibu sawa na la kuficha bunduki uvunguni.

Mwaka jana r ilikuwa nzima. Iliinama siku ileile wakati wa kurudi, Pompiliu alipoteleza kwenye ngazi na mashine ikabiringika hadi chini.

"Usijali, mama," alisema akiipangusa. "Za aina hii zote ndivyo zilivyo. R ndiyo hustaafu kwanza. Kama mimi."

Walicheka siku hiyo. Wiki mbili zilizopita Veturia alifungua sanduku la barua akakuta kikaratasi kimekunjwa mara nne: TUNASIKIA BARIDI. YEYE JE? Hakuhitaji kuambiwa Yeye ni nani; picha yake ilitundikwa hadi duka la mkate, penye kila kitu isipokuwa mkate. Lakini Veturia hakushughulika na maneno. Aliitazama r. Ilikuwa imelala upande wa kulia.

Na maneno yenyewe, ukiyasikiliza, yalikuwa ya Pompiliu mtupu. Mzee yule alikula na kofia kichwani, na kila jioni aliligonga bomba la kupashia nyumba joto akiliuliza kama limekufa au linasinzia tu. Tena tangu mwaka mpya alikuwa akijifungia chumbani mchana, redio juu, mashine ikilia. Akiulizwa anasema anaandika mambo ya nyuki. Nyuki! Nani hufunga mlango kwa ajili ya nyuki?

Sheria ilitaka kikaratasi cha namna ile kipelekwe kituoni siku hiyohiyo. Veturia alikitia jikoni motoni, akakitazama mpaka kikawa jivu. Alipotoka kwenda kumwaga jivu, akakutana kwenye ngazi na Aglaia wa mlango wa pili, kavaa koti lake la kwendea harusini.

"Jirani, sanduku lako leo lilikuwa na nini?" Aglaia aliuliza.

"Vumbi tu, shoga yangu. Lako?"

"Hata langu." Akavitazama vifungo vya koti lake, akashuka haraka.

Veturia hakumwambia mumewe neno. Angeanzia wapi? Alimchukia kwa ujinga wake na alimwonea fahari, vyote kwa pamoja, na usiku alimsikiliza anavyokoroma akihesabu miaka ambayo wangempa. Saba, labda kumi. Kwa mapafu yale asingemaliza hata miwili.

Pompiliu akaingia, chupa ya maziwa kaikumbatia kifuani.

"Watu mia mbili, chupa mia moja!" alisema. "Haya, nipe nibebe mashine."

"Wewe? Ulishaiangusha mara moja inatosha. Kaa upashe maziwa yako."

"Mwanamke hasahau huyu!"

Veturia akaibeba mwenyewe vituo vitatu vya tramu, maana tramu yenyewe haikupita. Alipofika alikuwa anatokwa jasho kwenye baridi.

Sajini Cernat alimpa kiti. Veturia akapiga ukurasa, akazikanyaga zile r polepole kuliko herufi nyingine. Sajini akautandaza kando ya ule wa mwaka jana, akashika kioo cha kukuzia na kuanza kulinganisha, mstari kwa mstari, bila haraka hata kidogo.

"Safi, ndugu Veturia," alisema mwishowe. "Pacha kabisa."

Veturia akaivuta mashine aifunike.

"Na mzee, bado yuko na nyuki wake?"

"Nyuki?"

"Si anaandika kitabu cha ufugaji? Kila sura anakuja kutusomea tuipitishe. Tumefikia ile ya mizinga. Nzuri, ila anaongea sana huyo mzee wako!"

Kumbe nyuki ni nyuki kweli. Veturia alitaka kucheka, alitaka kulia, alitaka kukimbia nyumbani akambusu yule mzee na kofia yake, amwombe radhi bila kumwambia ni ya nini. Wiki mbili nzima alikuwa amelala na mtu asiye na kosa akimlilia kama mfungwa.

Sajini alivuta mashine ya ofisi, akamwandikia kibali cha mwaka kwa vidole viwili, akagonga muhuri, akamsukumia. Veturia alikipokea kwa mikono miwili na kulisoma jina lake.

Ile r ya Veturia ilikuwa imelala upande wa kulia.

Aliinua macho. Sajini alikuwa amefungua droo na anapanga mezani vikaratasi vilivyowahi kukunjwa mara nne, kimoja kimoja, kila kimoja kimeandikwa nyuma namba ya mlango kwa penseli.

"Jengo lenu lina milango ishirini, ndugu," alisema. "Vilitoka ishirini. Vimerudi kumi na tisa."