Mkono Kwenye Shaba

Bi Shaba alikula kwa mkono wa kushoto, akajikuna kwa kushoto, na usingizi ulipomzidi alijifunga mkono wa kulia kwa mkanda juu ya bamba, usije ukateleza. Huo ulikuwa mwaka wa kumi na tisa.

Bamba lenyewe lilikuwa la shaba, upana wa kiganja, katikati ya mtambo wa mabomba, magurudumu na mvuke. Lilikunywa joto la kiganja chake, chake peke yake, likaligeuza mwanga wa buluu. Na mwanga huo ndio ulioyasimamisha maji ya ziwa kama ukuta. Ukitoa mkono tu, bonde zima limekwisha. Ndivyo wakubwa walivyomweleza siku walipomleta, nao walieleza kama wanavyoeleza siku zote: wamesimama mlangoni, mguu mmoja nje.

Bondeni alikuwako mdogo wake, aliyemlea tangu mama yao alipofariki. Alimwacha ana miaka minane. Barua alizomwandikia hazikujibiwa hata moja, naye akajipa moyo kwamba aliye salama hana la kuandika.

Dirisha la upande wa bonde walilipigilia bati, eti mvuke usipungue. Lililobaki lilitazama bustani za wakubwa, zilizomwagiliwa hata mvua ikinyesha.

Mkaguzi alipanda mara moja kwa mwezi kutia mafuta na kusoma vipimo. Safari hii Bi Shaba alimwomba siku moja. Hakutaka mshahara wala mume, hayo alikwisha kuyapa mgongo. Alitaka akamwone mdogo wake, basi.

"Mama, watu elfu tatu wafe maji kwa sababu umemkumbuka ndugu?"

"Lakini wanajua kuna mtu huku juu?"

Mkaguzi alifunga mkoba wake taratibu. "Hakuna siku wasiyokutaja."

Maneno hayo yalimshibisha wiki nzima.

Kisha, asubuhi moja, mlango wa chini ulivunjwa. Nyayo zikapanda ngazi, nyingi, yeye aliyezoea jozi moja tu. Aliyetangulia kuingia alikuwa mwanamke mwenye vumbi hadi kwenye kope, midomo imepasuka, nyundo mkononi. Kidevuni alikuwa na kovu la uji wa moto. Bi Shaba alilijua kovu lile. Uji ule aliupika yeye.

"Kadogo," aliita.

Nyundo ilishuka polepole.

"Dada? Si walituambia umezikwa?"

Kadogo aliupenya mvuke, akamkumbatia, akalia bila machozi. Halafu akasikia wenzake wanakaribia, akamshika mkono wa kushoto na kumvuta.

"Kaa nyuma yangu, dada, hawa leo hawachagui. Miaka kumi na tisa tunazika watoto kwa kiu. Tuonyeshe tu alikojificha huyo anayetuzuilia maji."