Siku ya Kutoka Eda

Kwa miezi minne na siku kumi, Bi Mwanakheri alifiwa na mumewe kila asubuhi. Aliamka, akapapasa mto wa pili, akauliza, "Babako yuko wapi?" Bintiye, Raya, alimwambia, naye akalia upya kana kwamba habari ndiyo kwanza inafika.

Leo eda imekwisha. Wanawake wa mtaani walimvua nguo nyeupe za eda, wakamwogesha, wakampaka wanja na kumfunga leso mpya. Raya akaweka chetezo cha udi miguuni pake.

Moshi ulipomfikia, Bi Mwanakheri akatabasamu.

"Mnanipamba hivi," alisema kwa haya, "kwani babako anarudi safari leo?"

Wifi ya Bi Mwanakheri akamgusa Raya bega. "Mwambie, mwanangu."

Raya hakuwahi. Mama alikwishafungua kasha, akatoa kofia aliyomshonea mumewe mwaka waliooana, kitundu kwa kitundu, kwa mkono wake. Kila Ijumaa alikuwa akiifukiza juu ya tenga, kikapu kilichofunika chetezo ili nguo isiguse makaa. Leo tenga alilisahau. Akaiweka kofia moja kwa moja juu ya chetezo, kama juu ya kichwa.

"Mama," Raya akaita.

"Subiri iingie. Mwenyewe anapenda inukie."

Moshi ukapenya katika vile vitundu. Kisha harufu ya udi ikaanza kuchanganyika na harufu ya pamba inayoungua. Bi Mwanakheri aliketi wima na wanja wake, macho mlangoni, na hakuna aliyethubutu kuinua mkono kuiondoa kofia.