Kubipu Mara Tatu

Katika mji ule neno simu lilikuwa na heshima yake. Kwa wazee, simu ilikuwa karatasi iliyoletwa na tarishi, na mara nyingi ilileta msiba. Kwa vijana ilikuwa kitu cha mfukoni. Lakini kupiga simu kulikuwa kwa wenye vocha. Wengine walibipu, na kila bipu ilikuwa na tafsiri yake. Mara moja: nimefika salama. Mara mbili: nipigie. Mara tatu haikuwa na maana yoyote njema kwa mume wa mtu.

Simu ya Shaweji ikalia na kukatika mara tatu, wali ukiwa bado wa moto.

"Nani huyo?" akauliza mkewe, Tunu.

"Amekosea namba."

"Amekosea mara tatu? Mashallah, ana bidii." Tunu akaivuta simu. Namba haikuwa na jina. "Baba Zuhura, kama nina mwenzangu sema sasa hivi, nifunge virago."

"Kula kwanza, mke wangu."

Tunu akaipigia namba ile. Muziki ukalia chumba cha nyuma, kwa mama yake mzazi, ambaye hakujulikana kuwa na simu, na ambaye daktari alimkataza ugoro kwa sababu ya kifua.

Shaweji akatoa mfukoni kifurushi kidogo chenye harufu kali, akakiweka kando ya sahani bila kuinua macho.

Mlango wa chumba cha nyuma ukafunguka kidogo. Mkono wa mama ukatoka, kiganja juu, ukangoja. Simu iliendelea kuita, na Tunu hakuikata.