Kiti cha Karibu na Dirisha

Nilikuwa nikidondosha asali kwenye kipande cha mwisho cha mkate wa kubanika, juu ya jibini ya kondoo na tini iliyopasuliwa, mwanangu Ottavio alipoingia jikoni na kufunga mlango taratibu.

"Mama, mgeni mmoja kaja na mchumba wake. Mezani sasa tuko kumi na watatu, pamoja na wewe."

Kwetu Toskana hakuna anayethubutu kuketi hivyo. Husemwa mmoja wa walioketi hatamaliza mwaka.

"Basi mwite jirani, tuwe kumi na wanne."

"Yule na makelele yake? Mama, hawa ni wakubwa wangu wa kazini." Akatazama sakafu. "Halafu miguu inakuuma. Pumzika hapa."

Miguu yangu haikuuma. Tangu asubuhi nilikuwa nimevaa hereni zangu za harusi.

Nikapeleka sinia. Kwenye kiti changu, kile cha karibu na dirisha, alikuwa ameketi yule binti, mchumba wa mgeni. Alionja, akafumba macho, kisha akanishika mkono wangu wenye asali, bila kujali kunata.

"Umetengeneza wewe, mama? Mungu aibariki mikono hii. Njoo, tukae wote." Akajisogeza ili tugawane kiti.

Ottavio akacheka haraka.

"Mwacheni mama! Anaogopa sana hiyo kumi na tatu. Kakataa mwenyewe kukaa."

Nyuso zote zikanigeukia. Nikautoa mkono wangu polepole.

"Ni kweli," nikasema. "Mimi ndiye ninayeogopa."